Pericles: kiongozi wa kura ndani ya mji wenye tauni

Kamwene! Wazee wangu shikamooni. Waheshimiwa madiwani, walimu, wanafunzi, asanteni kwa kuja na baridi hii ya Iringa.

Shuleni tulifundishwa kwamba Pericles aliijenga demokrasia ya Athens, mji wa Ugiriki ya kale, tukaishia hapo. Leo nataka tuitazame miaka yake miwili ya mwisho, 430 na 429 K.K.

Hakuwa mfalme. Alikuwa mmoja wa majenerali kumi waliopigiwa kura kila mwaka, na kwa takriban miaka 15 mfululizo alishinda. Vita na Sparta, mji hasimu wa Ugiriki, vilipoanza mwaka 431 K.K., aliwashauri watu wa mashambani wahamie ndani ya kuta za mji. Wakahama. Kondoo na ng'ombe waliwavusha hadi kisiwa cha Euboea, na majumbani waling'oa hata mbao wakaondoka nazo. Hebu fikirieni watu wa Kilolo, Pawaga na Isimani wote waambiwe wahamie Gangilonga na Kihesa, na nyumba hakuna. Walibanana kwenye vibanda, jua la kiangazi likiwachoma.

Mwaka uliofuata maradhi yakaingilia bandarini, Piraeus. Thucydides, mwanahistoria wa Athens aliyeugua akapona, ameandika aliyoyaona: kichwa kuwaka moto, macho mekundu, koo kutoka damu, kiu isiyokatika hata wagonjwa wakajitumbukiza kwenye matangi ya maji. Waganga walikufa kuliko wengine, kwa kuwa ndio waliokuwa karibu zaidi na wagonjwa. Wataalamu hadi leo wanabishana ulikuwa ugonjwa gani.

Ugonjwa hakuuleta Pericles, lakini msongamano ule ulitokana na ushauri wake. Wananchi wakamgeuka, wakatuma wajumbe Sparta kuomba amani. Angeweza kujifungia nyumbani. Yeye aliitisha mkutano wa wananchi, akasimama mbele ya watu waliotoka kuzika, akawaambia kwamba hasira yao aliitazamia, na kwamba yeye ni yuleyule, waliobadilika ni wao. Maneno makali hayo! Wakamvua ujenerali, wakamtoza faini kubwa. Baada ya muda si mrefu wakamchagua tena.

Nyumbani kwake nako misiba ilifuatana. Alifiwa na dada, akafiwa na Xanthippus, mwanawe mkubwa, kisha Paralus. Plutarch, mwandishi Mgiriki aliyeishi baadaye sana, anasimulia kwamba alijikaza mpaka alipoinama kumvisha Paralus shada la maua. Hapo akalia kwa sauti, jambo ambalo hakuwahi kulifanya. Mwaka 451 K.K. alikuwa amepitisha sheria kwamba raia lazima azaliwe na wazazi wote wawili Waathene. Sasa aliyebaki ni mtoto aliyezaa na Aspasia, mwanamke wa Mileto. Ikabidi awaombe wananchi wamlegezee sheria yake mwenyewe. Walimhurumia, wakakubali.

Kisha ugonjwa ukamfikia naye. Alimwonyesha rafiki yake hirizi ambayo wanawake walimfunga shingoni. Marafiki walipokuwa kitandani pake wakihesabu ushindi wake wa vitani, akasema wamesahau lililo kubwa: hakuna Mwathene aliyevaa nguo nyeusi kwa sababu yake.

Ndugu zangu, namheshimu sana kwa siku ile aliyosimama mbele ya mkutano. Lakini kwa neno lile la nguo nyeusi namkatalia kabisa, kwa sababu ya wale wa vibandani.

Karibuni maswali. Tuanze na wazee.