Esmeray wa Emirgan: Mturuki mweusi niliyechelewa kumjua

Hamjambo wapendwa. Wakubwa zangu shikamooni. Mama, najua uko hapo Tanga umewasha simu, shikamoo Mama.

Leo siko Laleli, mtaa wa maduka ya nguo hapa Istanbul. Hamtaona mabunda ya nguo nyuma yangu, na bei za kargo tutaziongea siku nyingine. Nimepanda basi mpaka Emirgan, kandokando ya Bosphorus, mlango wa bahari unaoikata Istanbul katikati. Ngoja niigeuze kamera muone. Haya ndiyo maji, na kule ng'ambo ni upande wa Asia, watu wanavuka asubuhi kwenda kazini na jioni wanarudi. Ile meli ya mizigo oneni inavyopita karibu, unaweza kumhesabu baharia aliyesimama. Nyuma yangu kuna miti mikubwa na watu wanakunywa chai chini yake, kwenye vile vibilauri vyenye kiuno. Mtaa una bustani kubwa juu kilimani, mwezi wa nne watu wanafurika kuangalia maua ya tulipu. Mimi sikuja kwa maua. Nimekuja kwa sababu ya mwanamke mmoja aliyezaliwa mtaa huu mwaka 1949. Jina lake Esmeray.

Nianze na namna nilivyomjua.

Mwaka wangu wa kwanza hapa nilikuwa kwenye dolmuş, daladala zao ndogo zile, nimekaa kiti cha nyuma. Mbele yangu bibi mmoja, amejitanda kitambaa cha maua, yuko na mjukuu wake wa kike wa miaka saba hivi. Bibi akageuka, akaniona. Akamfinya mjukuu mkononi, kwa vidole viwili, hivi, akanong'ona: on üç buçuk. Kuhesabu nilikuwa nimeshajifunza. Kumi na tatu na nusu. Nikadhani anataja nauli. Lakini mtoto naye akanitazama, akamfinya bibi yake, akasema vilevile, kumi na tatu na nusu, na wote wawili wakatabasamu wakarudi kutazama mbele.

Kesho yake nikamuuliza dada mmoja ninayefanya naye kazi, huku unamwita mkubwa wako abla. Akaona haya mpaka uso ukawa mwekundu. Akaniambia ni mambo ya zamani, ukimwona mtu mweusi unamfinya aliye karibu nawe na kutaja namba hiyo, inaleta bahati. Akasema hakuna ubaya ndani yake. Nikanyamaza. Alipoona nimenyamaza akachukua simu yake, akasema kuna hata wimbo. Akaniwekea.

Sauti ikatoka pale. Nzito, imetulia, haina haraka. Na picha ya mwanamke mweusi kama mimi, anaimba Kituruki kilichonyooka. Nikauliza, huyu ni Mmarekani? Yule dada akanishangaa. "Hapana," akasema. "Wa kwetu."

Hilo neno, wa kwetu, ndilo lililonileta hapa leo.

Esmeray. Esmer ni mtu wa rangi ya kiza kiza, sisi tungesema maji ya kunde na kushuka chini zaidi. Ay ni mwezi. Ukisikia jina hilo likiitwa kwa sauti mtaani, ni zuri. Familia yake ilikuwa na asili ya Afrika, lakini yeye alizaliwa hapa, akakulia hapa. Alianza kwenye jukwaa la tamthilia, akaigiza, halafu miaka ya 1970 ikamkuta mwimbaji. Enzi hizo Uturuki ilikuwa na televisheni moja tu, TRT ya serikali, na nyimbo zilitoka kwenye santuri ndogo za nyimbo mbili, moja kila upande. Muziki wa aina yake waliuita hafif müzik. Hafif ndiyo hafifu yetu hiyohiyo, ila wao hawamaanishi duni, wanamaanisha mwepesi, muziki wa mjini wa gitaa na vinanda.

Wimbo uliomjengea jina ni Unutama Beni, wa mumewe mtunzi, Şemi Diriker. Na hapa lazima nisimame kidogo, kwa sababu Kituruki kinafanana na Kiswahili kwa jambo moja: kitenzi kinabeba sentensi nzima. Unutma beni maana yake usinisahau. Wimbo wa kawaida wa mapenzi ungesema hivyo. Yeye anasema unutama. Silabi moja tu imeongezeka katikati, na maana imegeuka: ushindwe kunisahau. Ukitaka kunisahau, usiweze. Siyo ombi tena, ni apizo. Na analiimba kwa upole kabisa, hapandishi sauti. Nilipoelewa silabi ile nilikuwa nakunja nguo dukani, nikaweka nguo chini.

Upo pia Gel Tezkere. Tezkere ni karatasi anayopewa kijana akimaliza jeshi, na huku jeshi ni lazima kwa wanaume, kwa hiyo hakuna nyumba isiyojua kuisubiri karatasi ile. Njoo tezkere, njoo. Fikirini, nchi nzima ina vijana kambini, na sauti inayowasemea hamu yao ya kurudi nyumbani ni ya mwanamke mweusi. Wazee wa umri fulani ukiwatajia wimbo huo wanacheka wanaanza kuhesabu walitumikia mji gani.

Halafu kuna ule wa dolmuş. Unaitwa 13,5.

Namba aliyofinyiwa yeye na watu wote wa rangi yake, akaichukua akaifanya jina la wimbo, ikatiwa kwenye santuri, ikauzwa. Miaka ya 1970, jamani. Mambo ya rangi hayakuwa yakizungumzwa sana hapa. Kila mtu akisema Uturuki hakuna ubaguzi. Na huyu dada anasimama na maikrofoni anawaambia namba yao wenyewe usoni. Mimi kwenye dolmuş nilishindwa kufungua mdomo. Yeye aliimba.

Nitawaeleza na maneno mawili mtakayoyasikia mkija huku, hasa nyie wafanyabiashara. La kwanza ni Arap. Kwetu pwani Mwarabu tunamjua. Huku mtu wa kawaida wa zamani akisema Arap anaweza kuwa anamaanisha mtu mweusi. Kuna wimbo wa watoto, kila mtoto anaujua, mvua inanyesha, mafuriko yanapita, msichana Arap anachungulia dirishani. Yule msichana ni mweusi. Kwenye filamu zao za zamani pia yupo, ni yaya au mtumishi wa jikoni, mwenye moyo mzuri, ambaye hadithi haimhusu.

Neno la pili ni zenci, nalo pia ni mtu mweusi. Siku hizi waungwana wanasema siyahi, kwa sababu zenci linaumiza. Lakini lisikilizeni vizuri. Zenci. Zanj. Ni neno lilelile walilotumia Waarabu na Waajemi kuiita pwani yetu, ndilo lililomo ndani ya jina Zanzibar. Kwa hiyo tusi analotupiwa msichana mweusi wa Izmir, mji wa hukuhuku Uturuki, ambaye hajawahi kuvuka mpaka lina jina la pwani yetu ndani yake. Mimi niliposikia hivyo nilikaa kimya siku nzima.

Na ndiyo maana nakataa video hii iwe ya muziki tu.

Watu weusi wa Uturuki hawakudondoka kutoka angani. Waliletwa. Njia zilikuwa nyingi, Sudan, Uhabeshi, jangwa la Libya, na nyingine zilianzia kwetu, zikapanda Bahari ya Shamu mpaka Hijazi na Misri, kisha kisiwa cha Krete, Izmir, Istanbul. Sultani wa Uturuki alipiga marufuku biashara ya watumwa Waafrika mwaka 1857, soko la watumwa la Zanzibar likafungwa 1873, na bado watu waliendelea kupitishwa kwa siri. Mnaozitazama zile tamthilia za majumba ya masultani zilizotiwa Kiswahili, mkumbuke kwamba mkuu wa walinzi wa nyumba ya wanawake kwa karne nyingi alikuwa Mwafrika aliyehasiwa akiwa mtoto.

Kuna mtu anaitwa Mustafa Olpak, Mungu amrehemu, alifariki 2016. Fundi wa marumaru kutoka Ayvalık, mji wa zeituni ufukweni. Aliandika kitabu kuhusu ukoo wake, na jina la kitabu ni safari yenyewe: Kenya, Krete, Istanbul. Wazee wake walichukuliwa Kenya, wakatumikishwa Krete, na Waislamu wa Krete walipohamishiwa Uturuki kwa makubaliano ya 1923, na wao wakaja. Mwaka 2006 alianzisha chama cha Waafrika wa Uturuki, na 2007 akafufua Dana Bayramı, sikukuu ya ndama ambayo wazee weusi wa Izmir waliifanya zamani ikapotea. Alikuwa akisema kizazi cha kwanza huishi yaliyowapata, cha pili huyakana, cha tatu huyatafuta.

Siwaambii Esmeray ni wa Mombasa au Tanga. Msianze kumgawana. Wa kwetu alivyosema yule abla ndivyo alivyo, ni wa kwao. Mimi nikiulizwa hapa nerelisin, wewe wa wapi, nina jibu, natokea Tanga, na swali limekwisha. Waturuki weusi wanaulizwa swali hilohilo kila wiki, wakijibu Izmir wanaambiwa hapana, asili yako. Wanasifiwa wanaongea Kituruki vizuri. Lugha ya mama yao! Mtu huyo anajibu nini? Esmeray angejibu Emirgan, na Emirgan ni hapa nilipokaa.

Alifariki tarehe 25 mwezi wa tatu mwaka 2002, kwa saratani. Alikuwa na miaka 53.

Kabla sijawasha kamera nilimuuliza mzee anayeleta chai kama anamjua. Mzee wa miaka sabini na kitu, sinia mkononi, vibilauri sita. Nikasema tu, Esmeray. Akaliweka sinia kwenye meza ya watu wengine kabisa, akaweka mkono kifuani. Akasema: "Ses." Sauti. Neno moja tu. Kisha akaniangalia mimi, usoni, muda kidogo, akaniuliza kama ni ndugu yangu. Nikamjibu hapana. Akaitikia kwa kichwa, lakini chai aliniletea mbili.

Sikukuu ya ndama huwa mwezi wa tano kule Izmir, nikijaliwa nitakwenda na kamera hii. Mama, ukiongea na Bibi Pangani muulize majina ya wale walioondoka na majahazi wasirudi, kama aliwahi kusimuliwa. Aandikiwe na mtu, hata kwenye daftari la shule.

Wimbo siwawekei hapa, hii video itafungwa. Utafuteni wenyewe. Andikeni Esmeray, halafu Unutama Beni, na ile a ya katikati msiiache. Mkimaliza huo wekeni 13,5. Kwa Kituruki inaandikwa kwa koma, siyo nukta.