Kusema Kiajemi na Kuwa Mwajemi: Nini Kinathibitisha Nini?

Mabibi na mabwana, tuanze na neno lenyewe. "Mwajemi" tumelipata kwa Waarabu: waliita ajam watu wasiosema Kiarabu, kisha jina likawaganda zaidi watu wa Iran. Lugha imo ndani ya jina, ndiyo maana ni rahisi kudhani kwamba kila asemaye Kiajemi ni Mwajemi. Sivyo.

Kiajemi ni lugha rasmi ya nchi tatu. Iran wanaiita Kifarsi, Afghanistan wanaiita Dari tangu katiba ya 1964, na Tajikistan ni Kitajiki, kinachoandikwa kwa herufi za Kirusi. Wahazara wa milima ya kati ya Afghanistan wamezaliwa ndani ya Kiajemi, lakini ni Wahazara. Waazeri wa Tabriz, mji wa kaskazini-magharibi mwa Iran, husoma shuleni kwa Kiajemi na wakirudi nyumbani husema Kituruki chao. India, mfalme Akbar wa Wamughali alikifanya Kiajemi lugha ya ofisi mwaka 1582, na Waingereza hawakukiondoa mahakamani mpaka 1837. Makarani wa Kihindu walikiandika vizazi kwa vizazi wakabaki Wahindu. Kinyume chake wako Maparsi wa India, ambao asili yao ni Uajemi hasa, na lugha yao ya nyumbani ni Kigujarati.

Tusikilize matamshi. Nchini Iran, simba na maziwa vyote ni shir. Kabul, maziwa ni shir lakini simba ni sher, kwa irabu ya zamani ambayo Iran ilishaipoteza. Mtu akiyatenga maneno hayo mawili, yaelekea amelelewa upande wa mashariki. Kama ni Mtajiki, Mhazara au Mpashtuni aliyekulia mjini, hapo hutajua. Ulimi hukuonyesha mahali tu.

Karatasi nazo zina mipaka. Shenasname, kitambulisho cha kuzaliwa cha Iran, kina jina, wazazi, tarehe na mahali kilipotolewa. Safu ya kabila haimo. Hati za kigeni za kabla ya 1935 hupotosha zaidi. Mpaka Reza Shah, mfalme wa Iran, alipoyaomba mataifa yatumie jina Iran, Wazungu waliweza kumwandika raia yeyote wa huko kuwa Mwajemi, hata akiwa Mkurdi au Mwarmenia. Enzi ya Wasovieti kosa lilikwenda upande wa pili: hati zilikuwa na safu ya kabila, na watu wengi wa Samarkand na Bukhara waliosema Kitajiki nyumbani waliandikwa Wauzbeki.

Vinasaba hupewa uzito kupita kiasi. Maabara hulinganisha mate yako na sampuli za watu wa leo, na Waajemi, Waazeri na Wakurdi wa Iran wamechanganyika karne nyingi, kiasi kwamba kipimo hushindwa kuwatenga vizuri. Kipimo cha kromosomu Y, ile ambayo baba humpa mwanawe wa kiume, hufuata baba wa baba peke yake: kizazi cha tano nyuma una wahenga 32, nacho kinamsemea mmoja.

Pwani yetu ndiyo inayoonyesha jambo hili vizuri kuliko kwingine. Wanahistoria wengi waliyachukulia masimulizi ya Washirazi, ya kwamba wazee wao walitoka Uajemi, kuwa majivuno ya nasaba. Mwaka 2023 ukachapishwa utafiti wa mabaki ya watu 80, wengi wao wa miji kama Mtwapa, Manda, Faza na Kilwa. Upande wa Afrika ulitoka zaidi kwa akina mama. Upande wa Asia ulitoka zaidi kwa wanaume wa Uajemi, na kuchanganyika kulianza karibu mwaka 1000. Damu ya Uajemi ilikuwepo kweli, na lugha ya nyumbani ilibaki Kiswahili, chenye bandari na serikali kama kumbukumbu ya mawasiliano hayo. Waliozikwa pale ni Waswahili.

Anayetaka kuthibitisha kama ni Mwajemi na aanze na babu na bibi wote wanne. Kila mmoja aliitwa nani na majirani zake, na alisema lugha gani na mama yake? Hapo ndipo kabila linapokaa. Kisha chukua mahali shenasname zao zilipotolewa. Jina la ukoo lipime kwa tahadhari: Tabrizi au Shirazi ni jina la mji, na familia nyingi zilichagua majina miaka ya 1920 zilipolazimishwa na sheria. Vinasaba viwe vya mwisho. Na majibu yakigongana, yaandike yalivyo: "Wazazi wa mama, Waajemi wa Yazd, baba wa baba, Mwazeri wa Ardabil, mama wa baba, hajulikani."