Akishalipa, Amenunua Nini?

Ndugu mwenyekiti, ndugu wasikilizaji, asanteni kwa kunialika.

Niliombwa niseme kama ni heri au shari klabu ya mpira kumilikiwa na tajiri mmoja. Hilo sitalijibu, maana kila mmoja wenu keshalijibu kwa kutazama msimamo wa ligi. Timu ikiongoza, tajiri ni baba yetu. Ikishuka hadi nafasi ya kumi na nne, ni mwizi. Mimi nina swali dogo zaidi: akishalipa, huwa amenunua nini?

Tuichukue Chelsea. Mwaka 1982 mfanyabiashara Ken Bates aliinunua kwa pauni 1. Hamkusikia vibaya, pauni moja, na madeni yake juu. Lakini uwanja wa Stamford Bridge haukuwamo katika bei hiyo. Ardhi ilikuja kuangukia mikononi mwa wafanyabiashara wa majengo waliotaka kubomoa majukwaa na kujenga nyumba za kuuza. Ukitazama ilipo, magharibi mwa London, huwezi kuwashangaa. Bates alivutana nao kwa miaka, mpaka soko la nyumba likaporomoka na kampuni iliyoishikilia ardhi ikafilisika mwaka 1992.

Kwa kuogopa yasijirudie, mwaka 1993 ikaanzishwa kampuni ya mashabiki, Chelsea Pitch Owners. Hisa moja iliuzwa pauni 100, na hata ukinunua elfu, kura zako hazivuki 100. Mwaka 1997 kampuni hiyo ikawa ndiyo mwenye ardhi ya uwanja. Inamiliki na jina pia: timu ikihamia kwingine, jina Chelsea Football Club haliondoki nayo bila ridhaa ya wenye hisa. Naomba mlishike hilo, tutalirudia.

Julai 2003 akaja tajiri wa Urusi, Roman Abramovich. Ukijumlisha na madeni, ilimgharimu takriban pauni milioni 140. Yaliyofuata mnayajua kuliko mimi: wachezaji kama Makelele, Duff na Crespo, kisha kocha Mourinho, na mwaka 2005 ubingwa wa kwanza wa ligi baada ya miaka 50. Naona wengine mnatabasamu. Wa Arsenal wavumilie kidogo.

Sasa, fedha zile ziliingiaje? Tulio nje tulidhani anatoa tu, kama mtu anayetunza harusini. Sivyo. Sehemu kubwa iliingia kama mkopo usio na riba, akiikopesha kampuni mama ya klabu, Fordstam, ambayo nayo ilikuwa yake. Hadi mwisho deni lilikuwa limefika kama pauni bilioni 1.5. Kwa hiyo mwenye timu ndiye huyohuyo aliyekuwa mdai wake mkuu. Siku zote alipokuwa na furaha, deni lile lilikuwa karatasi tu kabatini. Lakini wazee walisema cha kuazima hakisitiri... neno linalofuata mnalijua, na kwa heshima ya mwenyekiti nitaliacha.

Mwaka 2011 klabu ikawaendea wale mashabiki ikitaka kuinunua ardhi, ili iwe huru kutafuta uwanja mkubwa zaidi. Oktoba wakapiga kura. Zilihitajika asilimia 75. Zikapatikana karibu 62. Tuseme kweli, walio wengi walikubali. Ila sharti lilikuwa limewekwa makusudi liwe gumu, na watu wenye hisa za pauni mia mia wakamnyima mtu ambaye angeweza kuwanunulia nyumba. Mei iliyofuata timu ikachukua Kombe la Ulaya mjini Munich, kwa hiyo waliotabiri kwamba tajiri atanuna na kuondoka walikosea.

Aliondoka kwa sababu nyingine kabisa. Urusi ilipoivamia Ukraine, serikali ya Uingereza ikamwekea vikwazo tarehe 10 Machi 2022. Na kwa kuwa klabu ilikuwa mali yake, ikabanwa pamoja naye, ikaendeshwa kwa kibali maalumu. Tiketi mpya haziuzwi. Duka la jezi limefungwa. Mikataba mipya hakuna. Gharama za safari ya mechi ya ugenini zisizidi pauni 20,000. Mabingwa wa Ulaya wakawa wanahesabu nauli! Hapo ndipo mimi nilipoelewa vizuri maana ya neno kumiliki, maana hakuna mchezaji wala shabiki aliyekuwa ametenda kosa.

Mwisho wa Mei klabu ikauzwa kwa pauni bilioni 2.5 kwa kundi la mfanyabiashara wa Marekani Todd Boehly na kampuni ya uwekezaji ya Clearlake. Abramovich alikuwa keshatangaza kwamba mkopo wake hataudai, na fedha za mauzo zikazuiliwa katika akaunti ya benki hukohuko Uingereza. Ardhi haikuguswa. Wenye hisa zao walilala wakaamka nayo.

Wamiliki wapya nao wana mbinu zao. Waliuza hoteli mbili zilizo pale pale uwanjani kwa kampuni dada, kwa pauni milioni 76.5, hesabu za klabu zikapendeza. Mkono wa kulia umeuza, wa kushoto umenunua. Hoteli zilikuwa zao, waliweza. Nyasi zilizo hatua chache kutoka mlangoni mwa hoteli hizo hawawezi kuziuza hivyo.

Niishie hapo. Kuna ndugu kule nyuma amenyoosha mkono tangu nilipoitaja Arsenal.