Yeremia alinunua shamba mji ukiwa umezingirwa

Bwana Yesu asifiwe. Asanteni, kaeni.

Nimepewa mada ya tumaini katika manabii, na najua wengi wenu mmeshafungua Yeremia 29:11. Mstari huo uko kwenye kalenda, uko kwenye kioo cha nyuma cha daladala, uko kwenye kadi za harusi. "Maana nayajua mawazo ninayowawazia ninyi, asema Bwana, ni mawazo ya amani wala si ya mabaya, kuwapa ninyi tumaini siku zenu za mwisho." Ni neno la Mungu na ninalipenda. Lakini nawaomba, kama ninavyoomba katika kila semina: msiushike mstari wa 11 mkauruka wa 10. Wa 10 unasema kwanza itimie miaka 70 ya Babeli.

Pigeni hesabu. Sura hii ni barua ya Yeremia kwa mateka, nayo inakwenda Babeli baada ya mwaka 597 KK, Nebukadreza mfalme wa Babeli ameshamchukua mfalme Yekonia wa Yuda, na mama yake, na wakuu, na mafundi. Mtu wa miaka 30 akisomewa barua ile na kusikia sabini, anajua atazikwa Babeli. Tumaini analoletewa ni la wajukuu wake. Na yeye mwenyewe anaambiwa afanye nini? Ajenge nyumba akae ndani yake, apande bustani, aoe, aoze watoto, auombee amani mji ule. Mji upi? Wa adui aliyemteka! Nani anahubiri hivyo siku hizi?

Na walifanya. Kuna mabamba ya udongo ya Wababeli, ya zamani kabisa likiwa la mwaka 572 KK, yanayotaja makazi yaliyoitwa Al-Yahudu, yaani mji wa Yuda. Humo mna majina ya Kiyahudi: watu wanalima, wanakopeshana, wanalipa kodi, wanasimama mashahidi wa mikataba.

Sasa mkumbukeni nabii Hanania, sura ya 28. Alisimama hekaluni mbele ya makuhani na watu wote akasema: miaka miwili tu, vyombo vya nyumba ya Bwana vitarudi na Yekonia atarudi. Akaitwaa nira ya mti shingoni mwa Yeremia, aliyoivaa kama ishara ya kuitumikia Babeli, akaivunja. Kabla nira haijavunjwa, Yeremia alikuwa amemjibu, "Amina, Bwana na atende hivi." Alisema kwa moyo, kwa sababu hakuna aliyetamani mateka warudi kuliko yeye. Lakini miaka miwili ilikuwa uongo, na Hanania alikufa mwaka uleule, mwezi wa saba.

Najua kuna mtu hapa anasema moyoni: Mwalimu, watu wetu wamechoka, wana madeni, wana wagonjwa nyumbani, wewe unawapelekea miaka 70? Ndugu yangu, mimi simnyimi mtu faraja. Ninachokataa ni kumwekea mgonjwa tarehe ambayo Mungu hakuiweka. Tarehe ikipita, mhubiri ameshahamia mkutano mwingine, na yule mama amebaki na ugonjwa wake pamoja na aibu ya kuambiwa hakuwa na imani. Nimekaa na kina mama hao. Msinitake ninyamaze juu ya jambo hili.

Twendeni sura ya 32, maana nikiulizwa tumaini la manabii linafananaje, huwa najibu kwa sura hii. Ni mwaka wa kumi wa Sedekia, mfalme wa Yuda. Jeshi la Babeli limeuzingira Yerusalemu, boma za udongo zimeshafika ukutani. Ndani ya mji kuna njaa na tauni. Miji mingine ya Yuda yenye ngome imebaki miwili tu, Lakishi na Azeka, ndivyo sura ya 34 inavyosema. Mwaka 1935 wachimbaji walipata Lakishi vigae vilivyoandikwa kwa wino, barua za kijeshi za siku hizohizo, na mwandishi mmoja anasema wanaangalia ishara za Lakishi kwa kuwa Azeka haionekani tena. Hali ilikuwa imefika hapo.

Yeremia ni mfungwa katika uwanda wa walinzi, anapewa mkate mmoja kwa siku kutoka njia ya waokaji. Anakuja binamu yake Hanameli, mwana wa Shalumu. Hakumletea chakula. Anamwambia: nunua shamba langu la Anathothi, haki ya kulikomboa, yaani ya ndugu kununua ardhi ya ukoo, ni yako. Anathothi iko kama kilomita 5 kutoka Yerusalemu, na Wababeli wako kati. Nani kati yenu angenunua kiwanja kilichokaliwa na jeshi?

Yeremia alinunua, tena kwa utaratibu wote. Sarafu hazikuwapo katika Yuda wakati ule, kwa hiyo alipima fedha kwenye mizani, shekeli 17, ambazo ni chini kidogo ya gramu 200. Akaandika hati, akatia muhuri, mashahidi wakatia sahihi, Wayahudi wote waliokaa uwandani wakiona. Nakala zilikuwa mbili, moja imefungwa kwa muhuri na moja iko wazi. Hati za kufungwa namna hiyo zilitumika karne nyingi. Mwaka 1961, katika pango karibu na Bahari ya Chumvi, zilipatikana za mwanamke aitwaye Babatha, wa karne ya pili BK. Baruku mwana wa Neria, mwandishi wake, akaambiwa aziweke zote mbili katika chombo cha udongo, zipate kukaa siku nyingi. Ndipo linakuja neno: "Nyumba, na mashamba, na mashamba ya mizabibu, yatanunuliwa tena katika nchi hii."

Someni pia kinachofuata, kwa sababu wahubiri hukiruka. Baada ya kulipa, Yeremia anaomba, na maombi yake yana mshangao wa mtu ambaye haelewi: Bwana, angalia hizo boma, mji unatiwa mikononi mwa Wakaldayo, yaani Wababeli, nawe umeniambia ninunue shamba! Alitii kwanza, akauliza baadaye, na Mungu hakumkemea kwa kuuliza.

Muda naona umekwisha, mwenyekiti ananionyesha saa. Ezekieli 37 mnaijua. Angalieni tu kwamba mifupa ile ilikuwa mikavu sana, na nabii alipoulizwa kama itaishi hakujifanya anajua. Hosea na Amosi 9 siwezi kuvigusa leo. Isaya 40 tutaanza nayo kesho asubuhi, njooni mmeisoma.

Ila swali la yule kijana niliahidi kulijibu: je, Yeremia alikula mazao ya hilo shamba? Biblia haionyeshi. Mji ulianguka, na baadaye Wayahudi wenzake walimchukua Misri, Tapanesi, bila hiari yake. Lakini Babeli nayo iliangukia mikononi mwa Koreshi, mfalme wa Uajemi, mwaka 539 KK, mateka wakaruhusiwa kurudi, na Ezra sura ya 2 ina orodha ya waliorudi, ukoo kwa ukoo na mji kwa mji. Fungueni mstari wa 23. Watu wa Anathothi, mia na ishirini na wanane.