Mitupo 34 ya Texas Western

(Mhadhara kwa wachezaji wa mpira wa vikapu wa chuo, wavulana na wasichana, Kakamega)

Tungoje kidogo mvua ipunguze kelele. Hapa Kakamega ukipangiwa kuzungumza saa tisa alasiri ujue utashindana na mabati, na mabati hayajawahi kushindwa.

Haya. Asante Bi. Mwenyekiti. Umenitambulisha kama kocha, nami nakushukuru kwa heshima hiyo, lakini kocha sijawahi kuwa hata siku moja. Nilikuwa mwalimu wa hesabu, na Jumamosi nilikuwa karani wa meza. Mnamjua yule mzee anayekaa kando ya uwanja na kalamu mbili, ya bluu na nyekundu, akifokewa na makocha wote wawili? Ndiye mimi. Nimejaza karatasi za alama miaka ishirini na sita. Kwa hiyo leo nitawaeleza juu ya timu bingwa kwa macho ya karani, si kwa macho ya shabiki, na wanaopenda madoido mnisamehe mapema.

Timu yenyewe ni Texas Western, chuo cha mji wa El Paso, mpakani kabisa mwa Marekani na Mexico, msimu wa 1965-66. Wachezaji wake waliitwa Miners, yaani wachimba madini, kwa kuwa chuo kile kilianza mwaka wa 1914 kama shule ya mambo ya migodi. Nilipolisoma jina hilo mara ya kwanza nilicheka peke yangu. Sisi ambao babu zetu walisukuma mikokoteni ya mawe kule kwenye mgodi wa dhahabu wa Rosterman miaka ya thelathini, ambao hadi leo tuna jamaa wanaoshuka mashimoni Ikolomani kwa kamba na tochi, tukisikia timu inaitwa Wachimba Madini tunajua kabisa wanaitiwa kazi gani.

Kisa chao wengi wenu mmekisikia. Usiku wa tarehe 19 Machi 1966, katika ukumbi wa Cole Field House, jimbo la Maryland, kocha Don Haskins aliwaanzisha wachezaji watano weusi katika fainali ya vyuo vya Marekani. Haikuwa imewahi kutokea. Upande wa pili walikuwa Kentucky, namba moja nchini, kikosi cha Wazungu watupu, chini ya Adolph Rupp aliyekuwa tayari na makombe manne. Wachimba madini wakashinda 72 kwa 65. Mwezi huohuo huku kwetu watu walikuwa wametega masikio Limuru, KANU ilikokifuta cheo cha Jaramogi cha makamu wa rais wa chama na kuweka makamu wanane mahali pake, kwa hiyo sidhani kuna mtu Kakamega aliyepoteza usingizi kwa ajili ya El Paso.

Kisa hicho ni cha kweli na sitakipunguza hata chembe. Mwaka huo ligi yote ya kusini-mashariki waliyochezea Kentucky haikuwa na mchezaji mweusi hata mmoja uwanjani. Kentucky wenyewe walimsajili wa kwanza mwaka wa 1969. Texas Western walishinda, na barua za matusi zikamfuata Haskins kwa mafurushi. Lakini Haskins mwenyewe, hadi uzeeni, alipoulizwa alisema alichezesha wachezaji wake bora, basi.

Sasa mimi karani nauliza: bora kwa nini? Walishindaje? Hapo ndipo wasimulizi wengi hunikatisha tamaa. Watakuambia habari ya David Lattin, lile pande la mtu kutoka Houston, alivyopaa mwanzoni mwa mchezo akaupiga danki mpira, yaani akausindilia kikapuni kwa mkono, juu ya kichwa cha Pat Riley wa Kentucky. Ndiyo, Riley yuleyule aliyekuja kuwa kocha wa Los Angeles Lakers. Danki tamu sana. Ina thamani ya alama mbili. Nimewahi kuandika danki nyingi kwenye karatasi yangu, na sijaona hata moja iliyopewa alama tatu kwa sababu watu walipiga mayowe.

Hebu tusome karatasi. Nimeileta ubaoni. Kentucky walifunga vikapu vya kawaida 27. Texas Western walifunga 22. Tulieni hapo kidogo. Wakati huo hakukuwa na mstari wa alama tatu vyuoni. Ulifika msimu wa 1986-87. Kila kikapu ni mbili. Kwa hiyo Kentucky wana 54, Texas Western wana 44. Kwa vikapu vya mchezo, bingwa ameachwa kwa alama kumi!

Nani atuambie zilizobaki zimetoka wapi? … Ahsante binti. Mitupo huru, ile anayopewa aliyechezewa faulo, alama moja kila mmoja. Pale mstarini, mita nne na nusu na ushei kutoka ubaoni, mtu amesimama peke yake, hakuna anayemzuia, na ukumbi mzima unamwangalia mikono. Texas Western walifunga mitupo huru 28. Kentucky 11. Arobaini na nne na ishirini na nane, sabini na mbili. Hamsini na nne na kumi na moja, sitini na tano. Karatasi imefunga.

Hapa mwalimu wa michezo wa kawaida angewaambia: mnaona, wale walikuwa hodari wa kutupa kuliko wenzao, basi nendeni mkafanye mazoezi. Nami kwa miaka mingi niliwaambia watoto hivyohivyo. Nilikosea. Angalieni safu ya pili: Texas Western walitupa mara 34 wakapata 28, yaani asilimia 82. Kentucky walitupa mara 13 wakapata 11, yaani karibu asilimia 85. Kentucky ndio waliokuwa na mikono mizuri zaidi mstarini! Tofauti haiko kwenye ishirini na nane. Iko kwenye thelathini na nne. Wale walifika mstarini mara 34, hawa mara 13.

Na mtu hafiki mstarini kwa bahati. Anafika kwa sababu kuna aliyechelewa. Faulo nyingi nilizoandika kwa kalamu nyekundu ni za mtu aliyefika nukta moja baada ya mpira: miguu imekataa, mkono ukajaribu kulipa deni la miguu.

Haskins alilijua hilo. Kentucky walikuwa wafupi kwa vipimo vya kule, katika watano wao wa kuanza hakuna aliyezidi futi 6 na inchi 5, lakini walikuwa wepesi na wenye shabaha. Kocha mwingine angesema, hawa wafupi nitawaponda kwa warefu. Haskins akamweka benchi Nevil Shed, mrefu wake, akamwanzisha Willie Worsley kutoka New York, kijana wa sentimita 168 hivi. Baadhi yenu hapa mnamzidi. Wewe pale nyuma unamzidi hata ukikaa. Basi wakawa walinzi watatu kwa pamoja, yaani wale wepesi wanaoudunda na kuuongoza mpira: Worsley, Orsten Artis na Bobby Joe Hill. Wakiwashambulia Kentucky kwa kudunda mpira kuelekea kikapuni, Kentucky walibaki wakifukuza migongo, na anayefukuza mgongo hugusa kiwiko.

Huyu Hill nimemweka kando makusudi. Kipindi cha kwanza kikiwa katikati alimnyang'anya mpira mlinzi wa Kentucky karibu na mstari wa kati, akakimbia peke yake akafunga. Kentucky wakaanzisha upya. Akamnyang'anya mwenzake, akafunga tena. Sekunde chache tu. Kuanzia hapo walinzi wa Kentucky walikuwa wanaudunda mpira kama mama anayevuka soko siku ya mnada, mkono mmoja umeshika pochi. Hill alimaliza na alama 20, Lattin 16, Artis 15, Willie Cager na Worsley nane kila mmoja, Shed tatu, Harry Flournoy mbili kabla ya goti kumtoa. Jumlisheni. Mtu saba tu, weusi wote, ndio walioingia uwanjani usiku ule.

Lakini msimu si usiku mmoja. Walishinda mechi 23 mfululizo, kisha tarehe 5 Machi wakafungwa na Seattle 74 kwa 72, mechi ya mwisho kabla ya mashindano ya taifa. Huko nako waliponea chupuchupu. Wakawalaza Cincinnati kwa alama mbili tu, katika muda wa ziada. Kansas ndio walionitoa jasho mimi mwenyewe, miaka hamsini baadaye, nikisoma tu. Muda wa ziada wa kwanza unaisha, Jo Jo White wa Kansas anarusha kutoka mbali, mpira unatumbukia. Kansas wanashangilia. Mwamuzi anaonyesha chini: mguu ulikanyaga mstari wa pembeni. Kikapu kimefutwa. Wakarudi muda wa ziada wa pili, Texas Western wakashinda 81 kwa 80. Kisigino kimoja, wanangu. Ndiyo maana nawakemea mnapokuja mazoezini na kandambili.

Kuna jina jingine ambalo haliko kwenye karatasi ya fainali na nataka liandikwe leo. Jerry Armstrong, Mzungu. Katika nusu fainali Utah walikuwa na Jerry Chambers, mtu aliyefunga alama 38 siku hiyo na kutangazwa mchezaji bora wa mashindano yale hata ingawa timu yake ilishindwa. Haskins alikuwa amemtumia mlinzi mmoja baada ya mwingine, Chambers anawapita tu. Akamwita Armstrong kutoka benchi. Armstrong akamkalia kooni hadi mchezo ukageuka, 85 kwa 78. Usiku uliofuata, fainali, hakucheza hata sekunde. Bila yeye labda fainali isingekuwepo. Karatasi ya alama haina safu ya kuandika alama ambazo mpinzani hakufunga, na hilo ndilo kosa lake kubwa. Nimelilalamikia tangu nilipoanza kazi.

Haskins mwenyewe alikuwa mtu wa ulinzi. Alifundishwa na Henry Iba kule Oklahoma, na kabla ya El Paso alifundisha shule za miji midogo ya Texas, timu za wavulana na za wasichana pia. Nawaona akina dada mmeinua vichwa. Inueni. Alipopata kazi ya chuo mwaka wa 1961, yeye na familia yake walihamia kwenye bweni la wanafunzi wanamichezo. Kulisimamia bweni ilikuwa sehemu ya kazi. Fikirini kocha anayelala ukuta mmoja na nyinyi.

Nina kisa changu cha aibu halafu nimalize. Miaka mingi iliyopita nilikuwa karani katika fainali ya vyuo, mkoa huuhuu, siutaji uwanja. Chuo kimoja kilikuwa na mpigaji hatari. Kila mtu alikuja kumwona yeye. Walipoteza kwa alama moja. Mashabiki wakanivamia mezani wakidai nimewaibia. Kocha wao, mtu muungwana, akaniomba karatasi tukaikague pamoja chini ya mwembe. Tukahesabu mara tatu. Vikapu walikuwa wameongoza. Mstarini wapinzani wao walikuwa wamekwenda mara kumi na tisa zaidi. Akainamisha kichwa, akasema, "Mwalimu, mimi nilikuwa naangalia mpira." Nami nikanyamaza, kwa sababu mimi niliyekuwa nimeandika faulo zote hizo kwa mkono wangu sikuwa nimeziona pia, hadi tulipozijumlisha.

Walipowamaliza Kentucky, Texas Western walitaka kukata wavu wa kikapu, desturi ya mabingwa kule. Hakuna aliyewaletea ngazi. Shed, yule mrefu aliyekalishwa benchi, akambeba juu Worsley, yule mfupi aliyechukua nafasi yake, na Worsley akaukata.

Naona mvua imekatika. Karatasi zenu za mechi tano za msimu huu ziko kwenye faili hili, na nimezungushia kalamu nyekundu kila faulo ya kufukuza mgongo. Ni nyingi, sitawataja majina mbele ya Bi. Mwenyekiti. Wawili wachukue mafagio wakaondoe maji uwanjani. Wengine mpange foleni mstarini, mitupo kumi kila mtu, kisha moja kwa moja mbio za walinzi, kikapu hadi kikapu. Niwekeeni meza chini ya ule mti. Nitakuwa naandika.