Mnato: kwa nini lava ya Nyiragongo inakimbia

NEEMA: Karibuni, ndugu wasikilizaji, kutoka hapa Goma. Mimi ni Neema, na kama kawaida niko na yaya Baraka, mwalimu wa fizikia. Leo tunachukua neno moja tu tulichambue: mnato.

BARAKA: Jambo sana, Neema, na jambo kwenu wote. Neno hili nililiomba mimi. Watoto wetu wanalikariri darasani, wanaandika ufafanuzi wake kwenye mtihani, halafu wanatoka nje wanakanyaga mawe meusi ya volkano yetu, Nyiragongo, bila kujua kwamba ufafanuzi ule ndio unaoeleza mawe yale yalifikaje mlangoni kwao. Hilo linaniuma.

NEEMA: Basi tuanze na maana. Mnato ni nini?

BARAKA: Ni ukinzani ulio ndani ya kitu kinachotiririka. Angalia maji kwenye mfereji wa mvua. Yale yanayogusa sakafu ya mfereji karibu hayasogei kabisa. Ya juu yake kidogo yanasogea polepole, na ya juu kabisa ndiyo yanayokimbia. Kwa hiyo maji hayaendi kama kitu kimoja, yanakwenda kwa matabaka yanayopishana. Kila tabaka linarudishwa nyuma na lile la chini na kuvutwa mbele na lile la juu. Msuguano huo wa tabaka kwa tabaka ndio mnato.

NEEMA: Na unapimwaje?

BARAKA: Unauliza hivi: ili matabaka yapishane kwa kasi fulani, natakiwa kusukuma kwa nguvu kiasi gani kwa kila mita ya mraba? Newton aliliweka wazo hilo mwaka 1687. Kipimo chake siku hizi ni paskali-sekunde. Maji ya nyuzi 20 yana elfu moja ya paskali-sekunde, yaani milipaskali-sekunde 1. Hewa tunayopumua ina mnato pia, mdogo kuliko wa maji mara 50 na zaidi. Na lami ngumu, ile ambayo ukiipiga nyundo inavunjika vipande, nayo inatiririka. Chuo Kikuu cha Queensland huko Australia waliiweka kwenye faneli mwaka 1927, na mpaka mwaka 2014 yalikuwa yameanguka matone tisa tu. Walikadiria kwamba mnato wake unauzidi ule wa maji mara bilioni 230 hivi.

NEEMA: Matone tisa! Kuna ndugu yetu wa Bukavu ametutumia swali kwa sauti. Anauliza: je, kitu kikiwa kizito ndicho chenye mnato mkubwa?

BARAKA: Swali zuri sana hilo, na jibu ni hapana. Tuchukue mawese. Yapashe moto kidogo yayeyuke, yamimine juu ya maji: yanaelea. Lita ya mawese ni nyepesi kuliko lita ya maji. Lakini ukiyamimina kutoka kwenye chupa, yanashuka taratibu kuliko maji. Uzito ni mdogo, mnato ni mkubwa. Sasa geuza, uchukue zebaki. Lita moja ina kilo 13 na nusu, na bado mnato wake unazidi wa maji kwa nusu tu. Ukiimwaga mezani inakimbia. Uzito wa kila lita tunauita densiti, nao ni jambo jingine kabisa. Sisi tukisema uji mzito tunamaanisha hauendi haraka, na jikoni hakuna ubaya. Kwenye fizikia itabidi useme ni kipi kati ya hivyo viwili.

NEEMA: Na yale mawese ya asubuhi, yanapoganda kwenye bidoni na baridi yetu ya hapa?

BARAKA: Hapo kuna mambo mawili yamechanganyika. Sehemu ya mafuta yale imekuwa fuwele, imeganda kweli, na sehemu nyingine bado ni kimiminika. Fuwele zikiwa nyingi, mchanganyiko mzima unagoma kusogea mpaka uusukume. Kumbuka hiyo, maana lava inafanya vilevile ikianza kupoa.

NEEMA: Kwa hiyo joto linapunguza mnato.

BARAKA: Kwa vimiminika, ndiyo. Maji ya nyuzi 80 yana kama theluthi moja ya mnato wa maji ya nyuzi 20. Chembe zikipata joto zinaachana kwa urahisi. Kwa gesi ni kinyume, na wanafunzi huwa hawaamini: hewa ikipata joto mnato wake unaongezeka. Kwenye gesi chembe hazishikani, ila zinaruka kutoka tabaka moja kwenda jingine na kubeba mwendo wake. Zikipata joto zinaruka kwa kasi zaidi, basi matabaka yanasumbuana zaidi.

NEEMA: Tuje mtaani kidogo. Fundi wa moto, yaani pikipiki, anapokwambia weka mafuta ya 20W-50, anaongelea mnato?

BARAKA: Mnato mtupu. Zile namba ni madaraja, si paskali-sekunde. Ya kwanza, yenye W, inaeleza mafuta yanavyokuwa kwenye baridi. Ya pili inaeleza yanavyokuwa injini ikishachemka, kwenye nyuzi 100. Mafuta yanatakiwa kubaki kama utando kati ya pistoni na silinda. Mnato ukipungua mno utando unakatika, chuma kinakula chuma. Ukizidi mno, ukiwasha asubuhi mafuta yanachelewa kupanda juu, na injini inachoma petroli bure ikipambana nayo. Hapa kwetu barafu haipo, kwa hiyo ile namba ya kwanza haitusumbui kama Ulaya. Lakini moto inayopanda milima ya Masisi na abiria wawili na gunia, namba ya pili usiichezee. Fuata kitabu cha injini.

NEEMA: Na hospitali?

BARAKA: Nitasema moja tu. Katika miaka ya 1840 daktari mmoja Mfaransa, Poiseuille, alichapisha kanuni ya vimiminika kwenye mirija myembamba, kwa sababu alitaka kuelewa mwendo wa damu. Mrija ukiwa na upana mara mbili, vitu vingine vikibaki vilevile, unapitisha mara 16. Ndiyo maana mgonjwa anayehitaji kuongezewa maji haraka huwekewa sindano nene.

NEEMA: Sasa mlima. Naona una jiwe hapo mezani.

BARAKA: Ni la lava ya mwaka 2002. Nimelitoa kwenye ukuta wa ua wetu uliobomoka. Wasikilizaji hawalioni, basi nitawaelezea. Ni jeusi, jepesi kuliko unavyotarajia, na limejaa matundu. Hayo ni mapovu ya gesi. Sasa angalia upande huu, Neema: matundu si ya duara.

NEEMA: Yamelala. Yamerefuka, yote kuelekea upande mmoja.

BARAKA: Yamevutwa na lava ilipokuwa inatembea. Yale matabaka yanayopishana niliyoyasema, ndiyo hayo, yameganda mkononi mwako. Lava iliyo juu imelikokota povu kuliko lava iliyo chini.

NEEMA: Na kwa nini lava yetu inasifika kwa kukimbia?

BARAKA: Sababu kubwa ni silika. Kwenye magma, yaani mwamba ulioyeyuka ambao ukitoka nje tunauita lava, kila atomu ya silikoni inashikwa na oksijeni nne, na vikundi hivyo vinashikana mkono kwa mkono, vinakuwa minyororo na nyavu. Silika ikiwa nyingi, nyavu zinakuwa nyingi, na matabaka hayapishani. Kuna magma zenye silika zaidi ya asilimia 70, hizo zinasogea kwa shida sana. Lava ya aina ya basalti, ile ya kawaida, ina karibu asilimia 50. Ya Nyiragongo iko karibu na asilimia 40 au chini yake, na tena ina sodiamu na potasiamu nyingi, ambazo zinaikata ile minyororo. Ongeza joto la zaidi ya nyuzi 1,000. Hapo mnato unashuka mno.

NEEMA: Kuna nyingine ya kulinganisha nayo?

BARAKA: Ol Doinyo Lengai ya Tanzania ina mnato mdogo zaidi. Lava yake karibu haina silika kabisa, ni ya kabonati, na inatoka na joto la nyuzi 500 na kitu hadi 600 hivi, baridi kwa lava. Lakini inatoka kidogo kidogo, na hakuna mji mkubwa chini yake. Nyiragongo ina mita 3,470, kuta zake zimesimama, na Goma iko chini, chini ya kilomita 20 kutoka kileleni. Haya yote lazima yawekwe pamoja. Kasi ya lava haitokani na mnato peke yake. Mteremko ukizidi, kasi inazidi. Unene wa mkondo ukiwa mara mbili, kasi inakuwa mara nne. Ukigawa yote hayo kwa mnato mdogo, unapata tarehe 10 Januari 1977.

NEEMA: Wazee bado wanaisimulia.

BARAKA: Ziwa la lava lilikuwa juu kabisa ndani ya kreta, lile shimo la kileleni. Ubavu wa mlima ukapasuka, na ziwa zima likamwagika kwa muda usiofika saa moja. Juu kwenye mteremko mkali, kasi inakadiriwa kufika kilomita 60 kwa saa. Usain Bolt, kwenye kasi yake ya juu kabisa, alifika kama 44. Watu walikufa vijijini hawajapata hata nafasi ya kuita jirani. Na sehemu nyingine mkondo ulipita ukaacha ganda jembamba tu juu ya ardhi, kwa sababu lava yenyewe ilikuwa imeshateremka.

NEEMA: Lakini mwaka 2002 wengi walikimbia wakapona.

BARAKA: Tarehe 17 Januari 2002 lava ilitokea kwenye nyufa za upande wa kusini, nyingine chini karibu na mji. Ilipofika kwenye tambarare ya mji ilikuwa imepungua kasi. Mteremko mdogo, uso umeanza kuganda, fuwele zimezaliwa ndani, mnato umepanda. Watu karibu 400,000 waliondoka. Hata hivyo ilifunika sehemu ya uwanja wa ndege, ikakata mji katikati, ikaingia ziwani. Na mwaka 2021, tarehe 22 Mei, ilisimama Buhene, karibu sana na uwanja wa ndege. Jiwe likishapoa unaweza kusoma habari hiyo: pale lava ilipokuwa bado na mnato mdogo uso wake ni laini, umejikunja kama kamba. Ilipokuwa inaburutwa wakati mnato umeshakuwa mkubwa, uso umevunjika, unakata viatu.

NEEMA: Nimesikia watu wakisema, afadhali mlima wenye lava isiyokimbia.

BARAKA: Hapana, dada, hapo nakataa kabisa. Mnato mkubwa una hatari yake, mbaya kuliko yetu. Gesi iliyo ndani ya magma inataka kutoka. Kwa Nyiragongo inapanda na kutoka kwa urahisi, ule moshi tunaouona kila siku. Kwenye magma yenye mnato mkubwa gesi inanaswa, shinikizo linapanda, mpaka mlima unalipuka. Mlima Pelée, kisiwa cha Martinique, tarehe 8 Mei 1902: wingu la gesi na majivu ya moto liliufuta mji wa Saint-Pierre kwa dakika chache, watu kama 28,000. Kwa hiyo ukimsikia mtu redioni anasema "volkano hii ni kali, ile ni pole", muulize: mnato wake ukoje, na gesi yake inatokaje?

NEEMA: Swali langu la mwisho. Kama baridi inaongeza mnato, kwa nini tusiimwagie lava maji?

BARAKA: Iceland walifanya hivyo, mwaka 1973, kisiwa cha Heimaey. Lava ilikuwa inakwenda kuziba bandari yao. Wakaleta pampu, wakamwaga maji ya bahari usiku na mchana, kwa miezi. Ukingo wa lava uliganda, ukawa ukuta, na bandari ikabaki wazi. Fizikia ni ileile tuliyoisema. Lakini lava yao ilikuwa inasogea polepole kwa wiki nyingi, na bahari ilikuwa hapo hapo. Ya kwetu mwaka 2002 ilivuka mji ndani ya siku moja. Pampu zisingekuwa zimefungwa bado. Hapa kinachookoa ni Observatwari ya Volkano ya Goma, kile kituo cha kuchunguza mlima, kuwa na vifaa vinavyofanya kazi, watu kupewa habari mapema, na barabara ya kwenda Sake na ile ya mpakani kupitika.

NEEMA: Asante sana, yaya Baraka. Wiki ijayo tunaingia ziwani: shinikizo, na gesi iliyofungwa chini ya Ziwa Kivu. Tutumieni maswali kwa sauti, na mwalimu yeyote anayetaka kuja na wanafunzi wake kuliona jiwe hili, mlango uko wazi. Mubaki salama.

BARAKA: Salama, tutaonana.