Bendeji Nyeupe: Howardena Pindell Mbele ya Kamera Yake

Kamwene, ndugu zangu. Nawashukuru kwa kufika katika ubaridi huu wa Iringa.

Nitazungumzia kazi moja tu, kanda ya video ya dakika 12 hivi, ambayo Howardena Pindell, msanii Mmarekani mweusi, aliirekodi mwaka 1980. Aliiita Free, White and 21, msemo wa zamani wa Kimarekani wa mtu anayejigamba kwamba yuko huru, ni mweupe, ametimiza miaka 21, basi hana wa kumuuliza.

Pindell alizaliwa Philadelphia mwaka 1943, akasomea uchoraji, akafanya kazi miaka 12 katika Makumbusho ya Sanaa ya Kisasa ya New York. Mwaka 1979 alipata ajali ya gari iliyompotezea sehemu ya kumbukumbu zake, na mwaka uliofuata akaigeuzia kamera uso wake mwenyewe.

Anasimulia kwa sauti tulivu. Anaeleza jinsi mama yake, alipokuwa mtoto, alivyosuguliwa kwa magadi makali ya kutengenezea sabuni na mlezi mzungu aliyeudhania weusi wake kuwa uchafu, akabaki na makovu ya kuungua. Kuna mahali anashika bendeji nyeupe na kuizungusha kichwani, taratibu, mzunguko juu ya mzunguko, kama muuguzi anayemfunga mgonjwa asiyelalamika.

Kisha anatokea mwanamke mwingine, mwenye wigi la nywele za rangi ya dhahabu na miwani ya giza, uso umepakwa weupe, naye kila kisa anakikanusha: unatia chumvi, huna shukrani. Mwanamke huyo ni Pindell yuleyule.

Wapo wanaoiona sehemu hiyo kuwa kejeli. Mimi naiona kuwa ndiyo yenye uchungu kuliko zote. Angemwita mwigizaji mzungu, tungetazama ugomvi wa watu wawili, tukachagua upande na kwenda zetu. Kwa kuyatamka maneno yale kwa kinywa chake, anatuonyesha kwamba mtu anayekanushwa kila siku huishia kuibeba ndani yake sauti ya anayemkanusha.

Nasi tunaijua sauti hiyo, kwani wanaopaka mkorogo hawakushikwa mkono na mtu. Niliwahi kuketi sebuleni na familia moja ya Mafinga wakitazama video ya harusi, ambayo mpiga picha alikuwa ameiongezea mwanga hata paji la uso la bibi harusi likawa halitofautiani na shela. Bibi yake mzaa mama akasogeza kigoda karibu na televisheni, akatazama kwa muda mrefu, akauliza, “Mjukuu wangu ni yupi hapo?” Akaonyeshwa hereni, kwa kuwa alizinunua yeye.

Sasa naomba taa zizimwe tuitazame kanda yenyewe. Bendeji itakapoanza kuzungushwa, tafadhali iangalieni mikono inayoizungusha.